M54.5, M54.9 au M51? Kuchagua msimbo wa mgongo unaouma bila chanzo kujulikana

Anayehudumia wagonjwa wa nje Moshi au Arusha anawafahamu hawa. Mpagazi aliyeshuka mlimani juzi, kiuno hakikunjuki. Mama wa soko la Mbuyuni anayeshusha mikungu ya ndizi tangu alfajiri. Dereva wa watalii aliyerudi Serengeti, mgongo umechakazwa na barabara ya vumbi. Mzee wa Maji ya Chai ambaye mgongo umekakamaa miaka mingi, hata kugeuka kitandani ni kazi. Wote wanasema mgongo unauma, wote wanapimwa, na kwa wengi wao hakipatikani kitu cha kukitaja kwa jina. Kisha inabaki nafasi ndogo kwenye fomu ya madai ya bima, inayodai herufi moja na tarakimu zake: msimbo wa ICD-10, orodha ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani.

Nafasi hiyo hujazwa kwa namna tatu. Wapo wanaoandika M54.9, yaani mgongo bila ufafanuzi, kwa kila mgongo, kwa kuwa ndiyo inayotokea haraka ukitafuta kwenye mfumo. Wapo wanaoandika M51.1, ya diski (mto ulio kati ya pingili) inayoathiri neva, kwa kuogopa madai yasirudishwe. Na wapo wanaouliza swali moja zaidi kabla mgonjwa hajavaa shati. Ulinganisho huu nauandika kwa ajili ya tabibu, muuguzi wa zahanati, mtunza kumbukumbu na karani wa madai wanaotaka kuwa upande wa hao wa mwisho.

Msimamo wangu niuseme mapema ili msomaji aupime njiani: msimbo useme kile kilichojulikana hadi mgonjwa anatoka mlangoni. Ukiandika zaidi ya hapo umempa ugonjwa asiothibitishwa kuwa nao. Ukiandika pungufu umetupa taarifa aliyokupa kwa mdomo wake. Kutojua chanzo si aibu ya kufichwa nyuma ya jina zito. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba takriban asilimia 90 ya maumivu ya kiuno hayana chanzo mahususi kinachoweza kuonyeshwa, na kwamba mwaka 2020 watu milioni 619 duniani walikuwa wakiishi nayo. Kwa hiyo "sijaona chanzo" ndilo jibu la kawaida kabisa la chumba cha daktari, na ICD-10 imelitengea mahali pake.

Kwa mwenye foleni ndefu, picha ya haraka ni hii. Maelezo yanafuata.

| Msimbo | Unasema nini | Uchague lini | Usiuchague lini |
|---|---|---|---|
| M54.5 | Maumivu ya kiuno | Panauma kiunoni, hakuna chanzo kilichothibitishwa | Maumivu yanateremka mguuni kwa njia ya siatika, neva kubwa ya mguu |
| M54.9 | Maumivu ya mgongo, bila ufafanuzi | Mgongo mzima, au maandishi hayataji mahali | Mgonjwa ameshaonyesha panapouma |
| M54.4 | Kiuno pamoja na siatika | Maumivu yanavuka goti, chanzo hakijathibitishwa | MRI imeshaonyesha diski inayobana neva hiyo |
| M51.1 | Diski yenye kuathiri mzizi wa neva | Dalili, uchunguzi wa mwili na picha vinakubaliana | Ni dhana tu, au ni eksirei peke yake |
| S33.5 | Kuteguka au kukazwa kwa kiuno | Kuna tukio la kuumia linalotajika | Maumivu yalianza polepole |
| F45.4 | Maumivu ya kudumu yenye chanzo cha kisaikolojia | Tathmini kamili ya afya ya akili imefanyika | "Sikuona kitu kwenye vipimo" |

M54.5 na M54.9: kidole cha mgonjwa

M54 ndiyo familia ya maumivu ya mgongo. Ndani yake M54.2 ni shingo, M54.6 ni mgongo wa sehemu ya kifua, M54.5 ni kiuno, na M54.9 ni mgongo ambao mwandishi hakusema zaidi. Kinachotenganisha hizi ni mahali tu, na mahali hapahitaji mashine. "Mama, nionyeshe kwa kidole kimoja panapokusumbua zaidi." Mgonjwa anayesema mgongo huenda anamaanisha kiuno, anayesema kiuno huenda anashika nyonga, na anayesema mbavu huenda anagusa usawa wa figo. Kidole hakibabaishi.

Akigusa kati ya mbavu za chini na makalio, hiyo ni M54.5. Kwenye toleo la Shirika la Afya Duniani, msimbo huu unabeba pia kiuno kilichokazwa na maumivu ya ubavuni nyuma. Hilo la pili lisikufanye uridhike haraka: maumivu ya upande mmoja, yenye homa na kuungua wakati wa haja ndogo, yanataka mkojo upimwe kwanza. Maambukizi ya ghafla ya figo ni N10, na maumivu makali ya figo yanayokuja kwa mawimbi ni N23. Zote zinakaa mbali na familia ya M.

M54.9 ina matumizi yake halali. Maumivu yanayotoka shingoni hadi kiunoni bila kituo, au karani anayesoma faili ambamo daktari ameandika "mgongo" na kukomea hapo, na daktari mwenyewe hapatikani. Nje ya hayo, M54.9 ni uvivu wa kalamu. Takwimu za wilaya zikijaa M54.9, hakuna atakayeweza kuona kwamba wapagazi wanaumia kiuno na mafundi cherehani wanaumia shingo.

M54.5 na M51: hapa ndipo pana madhara

Kama utasoma sehemu moja tu ya ulinganisho huu, soma hii.

M51.1 inasema kwamba diski ya kiunoni au ya sehemu nyingine ya mgongo isiyo shingo imeharibika na inaathiri mzizi wa neva. Ni dai kubwa. Ili lisimame, vitu vitatu vinapaswa kuelekea upande mmoja: maelezo ya mgonjwa, uchunguzi wa mwili (mguu ulionyooka ukiinuliwa unaamsha maumivu yaleyale, au kuna ganzi au udhaifu unaolingana na neva fulani), na picha inayoonyesha diski husika mahali husika. Kimojawapo kikikosekana, bado uko M54.

Eksirei ya kawaida haiionyeshi diski. Inaonyesha mifupa na nafasi iliyo kati ya pingili. Ripoti ikisema nafasi kati ya pingili ya nne na ya tano imepungua, imesema nafasi imepungua, basi. Mtu wa miaka 50 kuwa na nafasi iliyopungua ni kama kuwa na mvi. Hata MRI, ambayo diski inaionyesha vizuri, haikuambii moja kwa moja kwamba ndiyo inayouma. Uchambuzi wa tafiti uliochapishwa mwaka 2015, uliokusanya picha za watu wasio na maumivu yoyote ya mgongo, ulikuta diski zilizochakaa kwa asilimia 37 ya watu wa miaka 20, na kwa asilimia 96 ya watu wa miaka 80. Diski zilizotuna zilikuwa kwa asilimia 30 ya wale vijana na asilimia 84 ya wale wazee. Hao wote walikuwa hawaumwi.

Kwa nini basi M51.1 inaandikwa ovyo? Sababu naifahamu, na siidharau. Daktari anataka MRI, mara nyingi kipimo kikubwa namna hiyo kinahitaji kibali cha bima, na pana hofu kwamba mkaguzi akiona "maumivu ya kiuno" atakataa. Mwingine ameandika dawa za neva, anataka utambuzi ufanane na dawa. Nia ni kumsaidia mgonjwa. Lakini msimbo huo haubaki kwenye karatasi ya siku ile. Unakaa kwenye mfumo. Mwaka ujao mgonjwa akienda hospitali nyingine, anaanza kuhojiwa kama mtu mwenye ugonjwa wa diski. Akitafuta bima binafsi, ugonjwa huo unasomeka kama alikuwa nao tangu zamani. Na yeye mwenyewe, kijana wa miaka 24 wa Majengo aliyeambiwa "pingili zimesagika", anaacha kuinama, anaacha mpira, anafunga mkanda wa kiuno mchana na usiku. Misuli inalegea kwa kukosa kazi, na maumivu ambayo huenda yangeisha kwa wiki chache yanapata mwaka mzima.

Njia ya kumsaidia ipo, na ni ya kweli. Andika M54.5 au M54.4 kama utambuzi mkuu, halafu ongeza misimbo ya zile dalili za hatari ulizozikuta. Uzito umepungua bila sababu: R63.4. Homa isiyojulikana chanzo: R50.9. Ganzi ya kuchomachoma: R20.2. Mkojo kuziba: R33. Mkojo kutoka wenyewe: R32. Linganisha maombi haya mawili ya kibali:

"Diski. M51.1. Naomba MRI."

"Maumivu ya kiuno wiki nane, hayatulii usiku, kilo sita zimepungua, homa za jioni. M54.5, R63.4, R50.9. Nashuku maambukizi ya pingili. Naomba MRI."

Ombi la kwanza lina jina kubwa na halina hoja. La pili halijataja ugonjwa wowote uliothibitishwa, na bado mkaguzi yeyote anayejua kazi yake ataona kwa nini kipimo kinahitajika. Kinachoshawishi ni dalili zilizoandikwa wazi, na hizo hazimbandiki mgonjwa kitu asichonacho.

Maumivu yakishuka mguuni

M54.5 ikiwa na mguu inakuwa M54.4. Siatika ikiwa peke yake, kiuno hakiumi, ni M54.3. Kosa la kawaida ni kuhesabu kila maumivu ya paja kuwa siatika. Maumivu yanayotoka kiunoni yakaishia makalioni au nyuma ya paja, bila ganzi, mara nyingi ni kiuno kilekile kinachosambaza. Siatika yenyewe huvuka goti, huchoma au kuwaka moto kuelekea muundi au unyayo, na kwa kawaida hushika mguu mmoja. Uliza: "Kaka, inaishia wapi?" Jibu lake linakuchagulia msimbo.

Akikwambia miguu yote miwili imelegea, sehemu anayokalia ina ganzi, na mkojo umeziba au unatoka bila taarifa, acha kalamu. Huyo ni wa rufaa leo hii, kwa gari, kwenda panapoweza kufanyiwa upasuaji wa mgongo. Kwenye barua andika M54.4 na R33 au R32. G83.4, ya neva za mkia wa uti wa mgongo kubanwa, itaandikwa na atakayethibitisha.

Kuumia au kuugua

S33.5 ni kuteguka au kukazwa kwa kiuno kutokana na tukio. Bodaboda aliyeangushwa Kisongo jana ana tukio, na msimbo wa pili kutoka kundi la ajali za pikipiki, V20 hadi V29, unaandikwa pembeni. Mpagazi aliyeinua mzigo na kusikia kiuno kimekata hapohapo naye ana tukio. X50 ndiyo ya kujikaza kupita kiasi au kurudiarudia mwendo mzito. Mpagazi ambaye kiuno kimekuwa kikiuma kidogokidogo msimu wote, hakumbuki siku, anabaki M54.5, hata kama sote tunaamini kuwa ni mizigo.

Tofauti hii inamgusa mfukoni. Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, ulioanzishwa kwa sheria ya mwaka 2008, unashughulikia ajali na magonjwa yatokanayo na kazi, na faili linalosema wazi ni tukio gani, lini na akiwa kazi gani linamrahisishia mtu huyo safari nzima. Kwa hiyo usiandike S33.5 kwa huruma pasipo tukio, na usiandike M54.5 kwa haraka palipo na tukio. Mpagazi asiye na mkataba mkononi ndiye anayehitaji zaidi maandishi ya daktari yaliyonyooka.

R52 na F45.4, milango miwili ya kuepuka

R52 ni maumivu yasiyohusishwa na sehemu moja ya mwili. Yenyewe kwenye orodha ya yasiyohusika imetaja mgongo na kuurudisha M54. Kwa hiyo mgongo peke yake hauendi R52, hata yakiwa maumivu ya miaka.

F45.4 inahitaji maneno zaidi, kwa sababu inaumiza watu kimyakimya. Vipimo vikirudi safi mara ya pili na ya tatu, huja kishawishi cha kuamua kwamba shida iko kichwani. Mara nyingi anayefanyiwa hivyo ni mwanamke, mara nyingi ni mnyonge, na mara nyingi tayari ameshaambiwa nyumbani kwamba anajideka. F45.4 ina masharti yake: maumivu makali, ya kudumu, yanayotesa, yakiambatana na migogoro ya kihisia au matatizo ya kijamii mazito kiasi cha kuonekana ndiyo chanzo kikuu. Hayo yanabainishwa kwa mazungumzo marefu na mtaalamu wa afya ya akili. Kukosekana kwa doa kwenye eksirei hakumo kwenye masharti hayo. Mgonjwa wa asilimia 90 ana maumivu halisi yasiyo na picha, na msimbo wake ni M54.5. Akiwa na sonona pia, sonona ipewe msimbo wake pembeni, kwa heshima, na itibiwe.

Yale ya huku kwetu

Orodha za mitandaoni zimeandikwa kwa wagonjwa wa mbali. Kaskazini mwa Tanzania kuna mambo matatu yanayojificha ndani ya "mgongo unaniuma", na kila moja lina msimbo wake pindi linapothibitishwa.

La kwanza ni kifua kikuu cha pingili. Mkoa wa Kilimanjaro una Kibong'oto kule Siha, hospitali ya taifa ya magonjwa ambukizi iliyojengeka juu ya tiba ya kifua kikuu, na bado kuna wagonjwa wanaokunywa dawa za maumivu miezi mingi hadi kibyongo kinajitokeza. Kikishathibitishwa, msimbo unaandikwa kwa jozi: A18.0 inatangulia, M49.0 inafuata. M49.0, ambayo kwenye orodha ina alama ya nyota, haisimami peke yake kamwe. Kabla ya uthibitisho unabaki na M54 na dalili zake: homa, jasho la usiku, kupungua uzito.

La pili ni brusela. Mfugaji wa Monduli au Longido, anayekunywa maziwa mabichi au kuzalisha mifugo kwa mikono mitupu, akija na homa inayopanda na kushuka, viungo na kiuno, muulize kuhusu mifugo kabla hujauliza kuhusu mizigo. Ila kipimo cha haraka kusoma chanya hakitoshi kuandika M49.1, ambayo ni brusela iliyokwisha kuingia kwenye pingili. Hiyo ni ya picha. Ukiwa na majibu ya damu unayoyaamini na kiuno kinachouma, andika A23.9 na M54.5. Zote mbili ni kweli, na hakuna iliyozidi.

La tatu ni maji. Kuuzunguka Mlima Meru, Maji ya Chai na Ngurdoto zikijulikana zaidi, vyanzo vingi vya maji vina floridi iliyotoka kwenye miamba ya volkano, kwa kiwango kinachopita mbali kile cha miligramu 1.5 kwa lita kilichopendekezwa na Shirika la Afya Duniani. Meno ya kahawia kila mtu anayajua. Linalosahaulika ni kwamba floridi ya miaka mingi hukaa pia kwenye mifupa: pingili huwa nzito, kano hugeuka mfupa, mgongo unakakamaa. ICD-10 ina msimbo wake kabisa, M85.1, na nashangaa jinsi usivyoonekana kwenye mafaili ya mkoa ambao unauhitaji kuliko karibu mikoa yote. Meno peke yake hayatoshi kuuandika, maana yanaonyesha tu kwamba mtu alikunywa maji hayo utotoni. Kwa mzee yule wa Maji ya Chai, kabla ya picha, ningeandika M54.5 na K00.3, ya meno yenye madoa. Eksirei ikionyesha mifupa iliyokuwa mizito na kano zilizogeuka mfupa, basi M85.1, bila kusita. Hapa kuandika pungufu kuna gharama ileile ya kuandika zaidi, kwa sababu watu wanaopanga miradi ya maji husoma takwimu.

Wajawazito niwataje kwa kifupi: misimbo ya herufi O hutangulia. Kiuno cha mama mjamzito kikihusishwa na ujauzito kinakwenda O26.8, na M54.5 ikibidi inasindikiza. Na mgonjwa wa selimundu aliyekuja na mgongo wakati wa dhoruba ya maumivu ni D57.0, usimtafutie kingine.

"Nashuku" ya nje na "nashuku" ya wodini

Hapa wengi hujikwaa kwa sababu kanuni ni mbili. Kanuni ya jumla ya ICD-10 ni kwamba hali kuu ni ile iliyobainika mwishoni mwa huduma kuwa ndiyo sababu kubwa ya mtu kuhitaji matibabu au uchunguzi. Na pasipokuwa na utambuzi, huchaguliwa dalili kuu. Mgonjwa wa nje anayeendelea kuchunguzwa anaangukia hapo: dalili yake ndiyo msimbo wake.

Kanuni ya pili ni ya dhana iliyobaki dhana hadi mwisho wa huduma, na hujitokeza zaidi kwa mgonjwa aliyelazwa. Akiruhusiwa na faili likasema "kifua kikuu cha pingili, kinashukiwa", na hakuna taarifa nyingine wala namna ya kuipata, mwandika misimbo anauandika kana kwamba umethibitishwa. Kanuni hii inamfaa karani aliyebaki na faili tu mezani. Haimpi daktari ruhusa ya kuandika dhana kisha kuondoka. Na kama alilazwa kwa dhana na uchunguzi ukaiondoa kabisa, kuna Z03: Z03.0 kwa kifua kikuu kilichoshukiwa kisha kikaonekana hakipo, Z03.1 kwa saratani. Ni misimbo mizuri isiyotumika vya kutosha. Inamwachia mgonjwa faili linalosema alichunguzwa na akaonekana hana.

Fomu za madai zenye nafasi mbili, ya utambuzi wa awali na ya utambuzi wa mwisho, zinakupa njia ya kuandika hali halisi: dhana iende ya awali, na ya mwisho ibaki na kile ulichokikuta. Zikiandikwa kitu kilekile kila siku kwa kila mgonjwa, mkaguzi hujua kwamba hazikusomwa.

Toleo letu, la Marekani, na ICD-11

Ukitafuta intaneti "maumivu ya kiuno ICD-10", kurasa nyingi zinazokuja juu ni za Marekani. Wao wana toleo lao lililopanuliwa, na tangu tarehe 1 Oktoba 2021 M54.5 yao haiandikwi peke yake: imegawanywa M54.50, isiyofafanuliwa, M54.51, inayotoka kwenye mfupa wa pingili, na M54.59, mengineyo. Toleo la Shirika la Afya Duniani halina mgawanyo huo. Lina kitu kingine kinachofanana nao kwa sura tu: tarakimu ya hiari ya kuonyesha mahali kwenye uti wa mgongo, ambapo 0 ni sehemu nyingi, 6 ni kiunoni, na 9 ni mahali pasipotajwa. Kwa hiyo M54.50 iliyonakiliwa kutoka ukurasa wa Marekani, ikisomwa kwa kanuni za kimataifa, inasema kitu tofauti kabisa na alichokusudia mwandishi. G89, wanayoitumia kwa maumivu sugu, kwetu haipo.

Kuna mahali pamoja ambapo toleo lao linafaa. Mtalii wa Marekani aliyekaza kiuno Marangu na mwenye bima ya safari ya huko, fomu ya bima yake huenda ikadai M54.50. Mjazie kwenye fomu yake. Kwenye rejista yenu, Kitabu namba 5 cha MTUHA (mfumo wa taarifa za huduma za afya), anabaki kama mgonjwa mwingine yeyote.

ICD-11 imeanza kutumika rasmi kimataifa tangu tarehe 1 Januari 2022, na kwa wagonjwa hawa naiona ina haki zaidi kuliko ICD-10. Maumivu ya kiuno yamehamishwa kutoka sura ya mifupa na misuli kwenda sura ya dalili, na msimbo wake ni ME84.2. Hapo tayari imekubaliwa kwamba ni dalili, na hakuna anayelazimika kuivalisha sura ya ugonjwa wa mfupa. Kisha kuna MG30.0, maumivu sugu ya msingi, na ndani yake MG30.02 kwa yale ya misuli na mifupa: yaliyozidi miezi mitatu, yanayomzuia mtu shughuli zake au kumletea msongo mkubwa, na yasiyoelezwa vizuri zaidi na ugonjwa mwingine. Mama wa Mbuyuni aliyeumwa miaka mitatu, asiye na diski wala shida ya akili, kwenye ICD-10 hana nyumba zaidi ya M54.5 ileile aliyopewa siku ya kwanza. Kwenye ICD-11 maumivu yake yanahesabiwa kuwa ugonjwa kamili. Kituo chako kikiwa bado kinaandika ICD-10, muda wa maumivu uandike kwa maneno kwenye faili kila mara, kwa sababu msimbo wenyewe hauubebi.

Akirudi

Msimbo wa mgongo haufungwi siku moja. Mgonjwa aliyeondoka na M54.5 akirudi baada ya wiki sita, mpe msimbo wa siku hiyo. Amepata siatika: M54.4. MRI imeonyesha diski, na inalingana na mguu unaouma: M51.1, sasa kwa haki. Amepona na amekuja kwa malaria: mgongo haumo kabisa, usimbebeshe. Ziara ya kwanza iache ilivyo. Siku ile ilikuwa M54.5, na mwenzako atakayelifungua faili kule rufaa, KCMC au kwingineko, ataona kwa mpangilio lini mliona nini. Kwa ugonjwa kama kifua kikuu cha pingili, mpangilio huo wa tarehe na dalili ndio utakaomwambia daktari wa upasuaji ni kwa kasi gani mgongo unaharibika.